Fundi wa Sauti: Ufundi na Nguvu za Mlio katika Msamiati wa Kiswahili

Katika hadithi za kubuni za zama hizi, hasa zile zinazojenga ulimwengu mwingine kabisa wenye ramani, wafalme na lugha zake, hutokea mara kwa mara kundi la watu ambao kazi yao ni kutengeneza vitu kwa sauti. Huinua kuta kwa wimbo, hufunga upepo ndani ya filimbi, huponya au hujeruhi kwa mlio wa uzi mmoja. Ni watu wa kazi: wana karakana, wana wanagenzi, wana malipo. Mfasiri wa Kiswahili anapolikuta kundi hili hukwama kwenye neno la kwanza kabisa, yaani jina lao. Aghalabu linalomjia upesi ni “wachawi wa sauti”. Mhadhara huu unadai kwamba jina hilo ni kosa, kwamba kosa lenyewe lina madhara nje ya vitabu, na kwamba Kiswahili kina jina lililo tayari, kwa sababu kazi yenyewe imekuwepo pwani na bara kwa muda mrefu.

Wazo la sauti itendayo kazi ni la kale na limeenea. Wayunani walisimulia habari za Amphion, ambaye mawe ya ukuta wa Thebes yalijipanga yenyewe kwa mlio wa kinubi chake. Msomaji wa Biblia anakumbuka kuta za Yeriko na tarumbeta za makuhani katika Kitabu cha Yoshua. J. R. R. Tolkien, katika The Silmarillion iliyochapishwa mwaka 1977, miaka minne baada ya kifo chake, aliufanya ulimwengu wake mzima uanze kwa wimbo. Lakini kwa msomaji aliyelelewa katika chuo cha Kurani, mfano ulio karibu zaidi ni Nabii Daudi. Aya ya 10 ya Sura ya Sabaa inaeleza jinsi milima na ndege walivyoamrishwa kusabihi pamoja naye, na papo hapo inataja kulainishwa kwa chuma kwa ajili yake; aya inayofuata ni ya kutengeneza deraya. Sauti na kazi ya uhunzi zimewekwa mahali pamoja, kwa mtu mmoja, bila maelezo yoyote ya ziada, kana kwamba msikilizaji anatarajiwa kuona mwenyewe kuwa zinahusiana.

Uhusiano huo ndio uliomo ndani ya neno fundi. Neno hili halikuanza na bomba wala injini. Huhusishwa na kitenzi -funda, ambacho kimezaa pia kufundisha na mafundisho, na ambacho ni ndugu wa -funza iliyotupa mafunzo na mwanafunzi. Kungwi humfunda mwari. Somo humfunda aliyekabidhiwa kwake. Kwa maana hiyo ya awali fundi ni mtu aliyepitia mikononi mwa mtu mwingine, akafundwa, naye akapata haki ya kumfunda wa tatu. Ujuzi wake una nasaba, na nasaba hiyo inaweza kutajwa hadharani. Matumizi ya sasa yamelilegeza neno kiasi kwamba yeyote mwenye bisibisi huitwa fundi, lakini kuna mahali ambapo maana ya zamani imebaki imekaza, nako ni katika ngoma za pepo.

Huko Unguja, Pemba, Mombasa na miji mingine ya pwani, anayeongoza ngoma ya pepo huitwa mganga, na katika baadhi ya ngoma, kama kibuki cha Unguja, huitwa fundi. Asiyejua huona watu wanacheza. Anayejua huona kazi ikifanyika kwa hatua zake. Kila pepo ana kabila lake, na kila kabila lina ngoma yake, ubani wake, nguo zake na lugha yake. Kibuki, ambacho asili yake husimuliwa kuwa Madagaska, hutaka kinanda cha kuvuta na kayamba, na pepo wake hutaka kinywaji kikali. Ruhani, ambaye ni pepo wa Kiarabu na Mwislamu, hutaka marashi, nguo nyeupe na kisomo. Mtu akipiga ya huyu kwa ajili ya yule, pepo hapandi. Hakuna hasira wala ghadhabu ya miungu hapo. Kazi imekosewa tu, kama ufunguo uliotiwa katika kufuli lisilo lake.

Vitenzi vya kazi hii vinastahili kuangaliwa kwa makini kuliko vilivyoangaliwa hadi sasa. Pepo hupandishwa kichwani, naye aliyepandwa huitwa kiti. Pepo hupungwa, yaani hupepewa na kuondolewa, kwa kitenzi kile kile kinachotumika kwa mkono unaopungia wasafiri. Ngoma yenyewe huwambwa, kisha hukanzwa motoni hadi ngozi ikaze na kutoa mlio unaotakiwa. Mpigaji hodari huitwa sogora. Mahali pa kazi huitwa kilinge. Na anayetibiwa huitwa mteja. Neno hili la mwisho limepanda cheo kwa namna ya ajabu. Leo benki na kampuni za simu humwita kila mtu mteja, na mashine humwambia mpigaji simu kwamba mteja hapatikani; lakini kabla ya biashara za mjini kulichukua, neno hilo lilikuwa la mtu aliye chini ya matibabu ya mganga. Biashara za kisasa zilipohitaji neno la mtu anayekuja kuhudumiwa kwa malipo, zililikuta tayari katika kilinge.

Jambo lenye uzito zaidi ni safari ya mteja huyo. Katika ufundi wa seremala au mwashi, kijana hupelekwa na wazazi wake kwa bwana fundi. Katika ufundi wa pepo mlango wa kuingilia ni maradhi. Mtu huugua, hutibiwa kwa ngoma, huelewana na pepo wake, huanza kuhudhuria ngoma za wenzake, hujifunza miti na ubani na mpangilio wa milio, na baada ya miaka baadhi yao huwa mafundi. John Janzen, katika kitabu chake Ngoma kilichotoka mwaka 1992, alionyesha kuwa mpango huu wa mgonjwa kugeuka mganga kupitia ngoma umeenea katika eneo kubwa la wasemaji wa lugha za Kibantu, toka Kinshasa na Dar es Salaam hadi Afrika Kusini. Neno lenyewe linathibitisha undugu huo: isangoma wa Wazulu amebeba ndani ya jina lake shina lile lile lililo katika ngoma ya Mswahili. Kwa hiyo ni upungufu kusema kwamba ngoma ni ala, au ni uchezaji, au ni sherehe. Ni hayo yote, na ni tiba pia. Kiswahili kilikopa neno muziki kwa sababu kilihitaji jina la sauti iliyotengwa na kazi yake. Sauti iliyo kazini ilikwisha kuwa na jina.

Haifai hata hivyo kudhani kuwa fundi wa sauti ni wa pepo tu. Pwani ilikuwa na ufundi mwingine wa mlio, wa daraja la juu kabisa, ambao haukuhusu maradhi. Huo ni ufundi wa siwa. Vasco da Gama alipotia nanga Malindi mwezi Aprili 1498, mwandishi wa shajara ya safari ile alizitaja pembe mbili za ndovu zenye nakshi, ndefu kama kimo cha mtu, zikipulizwa kwa tundu la ubavuni. Siwa mbili mashuhuri zimehifadhiwa hadi leo: ya Pate, iliyochongwa kwa pembe za ndovu na yenye urefu unaozidi mita 2, na ya Lamu, ambayo ni ya shaba. Ya shaba ilitengenezwa kwa njia ya nta. Fundi hufinyanga umbo zima kwa nta pamoja na nakshi zake, hulifunika kwa udongo, hulichoma mpaka nta iyeyuke na kutoka, kisha humimina shaba iliyoyeyuka mahali ilipokuwa nta. Kalibu huvunjwa. Fundi hapati nafasi ya pili ya kurekebisha tundu la kupulizia, na tundu likikosewa kinachobaki ni pambo zito lisilo na sauti.

Habari za Pate, yaani tarikhi ya watawala wa mji huo, zina kisa kinachofaa kusomwa na kila anayetaka kujua sauti ilitenda nini katika jamii hii. Mwana Darini, mwanamke wa ukoo wa kifalme, alitaka kumtahiri mwanawe kwa heshima inayomstahiki, akanyimwa siwa ya ufalme. Hakuomba mara ya pili. Alimwita sharifu mmoja hodari wa kuchonga, akamwagiza amtengenezee siwa mpya ya pembe za ndovu, naye akaitengeneza. Msomaji wa leo huenda akauliza kwa nini bibi huyu asifanye sherehe kwa zumari na ngoma za kawaida. Jibu ni kwamba bila siwa mtoto angetahiriwa, lakini asingetahiriwa kama mwungwana wa daraja lake. Mlio ndio uliomgeuza. Kwa sababu hiyo waliozuia siwa walijua walichokuwa wakikizuia, na Mwana Darini naye alijua kwamba dawa ya kunyimwa sauti ni kumpata fundi.

Kisa cha Fumo Liyongo kinafaa kusomwa sambamba na hicho. Utenzi wa Fumo Liyongo, uliotungwa na Muhammad Kijumwa wa Lamu mwaka 1913, unasimulia jinsi shujaa huyo alivyotoroka gerezani. Alimpelekea mamake ujumbe wa siri katika ushairi, kwa kinywa cha mjakazi Saada. Mama akaoka mkate wa wishwa na kuficha tupa ndani yake, akijua kwamba walinzi hula mikate mizuri na kuuacha wa wishwa umfikie mfungwa. Kisha Liyongo akaomba ipigwe ngoma ya gungu, kwa siwa, tasa na matoazi, na watu walipokuwa wakipiga na kuimba, yeye alikuwa akikata minyororo. Hapa hamna pepo wala ubani. Mtu ambaye mapokeo humpa mwili usiodhuriwa na silaha ila moja tu, hakutumia uwezo huo kujiokoa. Alitumia mambo mawili ambayo fundi yeyote wa sauti anayajua: kwamba maneno yaliyofungwa vizuri hupita mbele ya masikio yasiyo na ufunguo wake, na kwamba mlio mkubwa huumeza mdogo. Ni dhahiri kwamba mtunzi aliufurahia ujanja huu kuliko nguvu za mwili wa shujaa wake.

Si ajabu, kwani Kijumwa mwenyewe alikuwa fundi kwa kila maana iliyokwisha kutajwa. Alichonga milango na samani, aliandika hati za Kiarabu kwa mkono ambao wataalamu wa Ulaya waliugombania, alitunga tenzi, alipiga ala za nyuzi na alizifahamu ngoma za Lamu kwa undani. Alice Werner, William Hichens na Ernst Dammann wote walinufaika kwa kazi zake. Alifariki katika miaka ya 1940. Wanafunzi wa fasihi humjua kama malenga, wanafunzi wa sanaa humjua kama mchongaji, na mara chache huambiwa kuwa ni mtu mmoja. Mgawanyo huo ni wa idara za vyuo vikuu. Lamu ya wakati wake haikuuhitaji.

Ukiacha pwani na kwenda bara, Kiswahili kinalo pia neno manju, la mtungaji na kiongozi wa ngoma, ambalo wasomi wengi wa Tanzania hulifikiria pamoja na ningi wa Wasukuma. Huko Usukumani vyama viwili vikubwa vya ngoma, Wagika na Wagalu, vinatokana na wapinzani wawili wa karne ya 19, Ngika na Gumha. Ushindani wao una kipimo kilicho wazi mno: vikundi viwili hucheza wakati mmoja, kila kimoja upande wake, na mshindi ni yule aliyewavuta watu wengi zaidi. Mashindano ya namna hiyo yamekuwa sehemu ya sikukuu ya Bulabo katika kituo cha Bujora karibu na Mwanza. Ili kuvuta watu, ningi huandaa nyimbo mpya, wachezaji hufanya mazoezi kwa majuma mengi, huletwa nyoka, fisi na maajabu mengine, na hutafutwa dawa ya mvuto kwa mganga wa chama. Mtafiti wa kigeni huelekea kuitenga dawa na kuiita imani, na mazoezi kuyaita sanaa. Wenyewe huhesabu yote kuwa matayarisho. Ningi anayetegemea dawa akaacha mazoezi huchekwa sawasawa na yule anayefanya mazoezi akaenda uwanjani bila kinga.

Sasa inawezekana kulirudia jina “mchawi wa sauti” na kuona lilipokosea. Mchawi, kwa matumizi ya Kiswahili, hana mteja. Hana ada inayojulikana, hana kilinge ambacho jirani anaweza kukuelekeza, na wala hamtaji hadharani aliyemfunda. Kazi yake ni ya usiku na ya kudhuru. Mganga na fundi wana vitu vyote hivyo, na kuwa navyo ndiko kunakowafanya waweze kulaumiwa, kudaiwa na hata kunyimwa malipo kazi ikiharibika. Tofauti hii haihusu kiasi cha nguvu za siri alizonazo mtu. Inahusu uwajibikaji. Ndiyo maana msomaji wa halbadiri, ambaye husoma majina ya mashujaa wa Badri ili mwizi adhihirike au aadhibiwe, hakubali kuitwa mchawi hata siku moja, na mara nyingi hatakubali kuitwa mganga pia: yeye ni msomaji, ana chuo alikosoma, na anajua kuwa kisomo hicho kikisomwa kwa dhuluma humrudia aliyekiomba.

Sheria za kikoloni ziliufifisha mpaka huu. Sheria ya Uchawi ya Kenya ya mwaka 1925 na ile ya Tanganyika ya mwaka 1928 ziliandikwa kwa Kiingereza, katika lugha ambayo neno moja lilibeba mambo ambayo Kiswahili kilikuwa kimeyatenga kwa mawili. Tanzania ilipotunga Sheria ya Tiba Asili na Tiba Mbadala mwaka 2002, mganga alirudishiwa jina lake kisheria. Hata hivyo, mwezi Januari 2009, baada ya mauaji ya kutisha ya watu wenye ualbino, serikali ilitangaza kufuta leseni za waganga wote wa jadi kwa pamoja, agizo ambalo baadaye liliondolewa. Uzito wa mauaji yale hauhitaji kuelezwa, na walikuwapo waliojiita waganga waliohusika. Lakini amri iliyowakusanya mpiga ngoma wa kilinge, mchuma mitishamba na muuaji katika neno moja ilitokana na mkanganyiko wa msamiati kabla ya kuwa mkanganyiko wa siasa. Katika Kanda ya Ziwa, ambako wanawake wazee wameuawa kwa kushukiwa uchawi, neno hilo likitamkwa haliwi tena suala la kamusi.

Mfasiri wa hadithi za kubuni hana mamlaka juu ya sheria, lakini ana mamlaka juu ya jina. Jadi ya kufasiri ulimwengu wa ajabu kwa Kiswahili si changa: Elisi katika Nchi ya Ajabu ilitoka mwaka 1940, na waandishi wenyewe wa Kiswahili, kutoka Shaaban Robert wa Kusadikika hadi Euphrase Kezilahabi wa Nagona, wamezoea kujenga nchi zisizo kwenye ramani. Mfasiri akiandika “mwanamuziki”, anapoteza nguvu za kazi. Akiandika “mganga wa sauti”, anabakiza tiba na kupoteza kuta na upepo. Akiandika “malenga”, anabaki na maneno bila milio. Akiandika fundi wa sauti, anapata kwa mpigo mmoja mafunzo, zana, ada, mteja na nasaba ya ujuzi, na yanayobaki hujengeka kwa vitenzi ambavyo lugha inavyo: sauti huwambwa, hukanzwa, hupandishwa, hupungwa, hufungwa na kufunguliwa. Wanagenzi wanaweza kuwa wateja walioingia kazini kwa kuugua mlio fulani. Chumba chao kinaweza kuitwa kilinge bila kuongeza tanbihi.

Litabaki pingamizi moja, kwamba neno fundi limechakaa mno kwa matumizi ya mitaani, na kwamba msomaji akilisikia atamwona mtu aliyelala chini ya gari. Pingamizi hilo ni la kweli, lakini linaweza kuwa msaada. Msomaji huyo huyo ameshakaa siku nzima akimsubiri fundi aliyeahidi kuja asubuhi, na ameshaambiwa kwamba kifaa kimoja tu ndicho kinachokosekana. Mji unaosubiri ukuta wake uimbwe ukamilike kabla ya masika, huku fundi ametia nusu ya ada mfukoni na kwenda kuanza kazi nyingine kijiji cha pili, una hadithi ambayo msomaji wa Kiswahili ataanza kuiamini kutoka ukurasa wa kwanza.